Kuipeleka tanzia ya jukwaani kwenye televisheni ya Ujerumani: mwongozo kamili kwa mfano wa Kabale und Liebe

Mtazamaji aliyekaa sebuleni na rimoti mkononi ana swali moja linaloua tanzia nyingi: "Si amwambie tu ukweli?" Ukumbini swali hilo humezwa na taa, sauti na pumzi za mamia ya watu. Kwenye televisheni, uso wa mwigizaji ukiwa umejaa skrini, halina pa kujificha. Kwa hiyo kazi ya kuihamisha tanzia ni hii: ukate nusu ya maneno bila kugusa hata pete moja ya mnyororo unaomfunga mhusika asiseme.

Mfano wetu ni Kabale und Liebe (yaani Hila na Mapenzi), tamthilia ya Mjerumani Friedrich Schiller, iliyoigizwa kwa mara ya kwanza Frankfurt tarehe 13 Aprili 1784. Imeandikwa kwa nathari, haina mwenye haki wa kumlipa, na inaweza kuchezwa ndani ya vyumba vitatu. Kwa asiyeijua: Ferdinand, meja kijana wa ukoo mkubwa, anampenda Luise, binti wa mpiga muziki wa mji aitwaye Miller. Baba yake Ferdinand, Präsident von Walter (si rais wa nchi, ni mkuu wa serikali ya mtawala mdogo), anataka mwanawe amwoe Lady Milford, kimada wa mtawala. Kijana anagoma. Katibu Wurm anabuni hila: wazazi wa Luise wanakamatwa, na ili waachiwe, binti analazimishwa kuandika barua ya mapenzi kwa mtu mwingine, Hofmarschall von Kalb (msimamizi wa kasri la mtawala), kisha anaapishwa kwamba ameiandika kwa hiari yake. Ferdinand anaiokota barua, anaamini amesalitiwa, anatia sumu kwenye glasi ya maji ya limau, na wote wawili wanakunywa.

Haki kabla ya kalamu

Ujerumani haki za mwandishi hudumu miaka 70 baada ya kifo chake, zikihesabiwa hadi mwisho wa mwaka. Schiller alifariki 1805, kwa hiyo hakuna mjadala. Gerhart Hauptmann alifariki 1946, na kazi zake ni huru tangu 1 Januari 2017. Bertolt Brecht alifariki 1956, kwa hiyo zake zinafungwa hadi mwisho wa 2026.

Mtego uko kwenye tafsiri. Anayetaka Shakespeare kwa Kijerumani anaweza kutumia August Wilhelm Schlegel bila malipo, kwani alifariki 1845. Akichukua tafsiri ya Erich Fried, aliyefariki 1988, ajue ina mwenyewe hadi mwisho wa 2058. Msomaji wa Juliasi Kaizari atalielewa hili upesi: Shakespeare hana mwenyewe tena, ila Kiswahili cha Nyerere kinaye.

Mambo matatu huwanasa hata wazoefu. Kwanza, kibali cha kuigiza jukwaani kinachotolewa na wachapishaji wa tamthilia hakijumuishi kibali cha kupiga filamu. Sheria ya Kijerumani inataka ridhaa ya mwenye haki hata kabla ya kuanza kutengeneza filamu, si wakati wa kuirusha tu. Pili, toleo la kitaalamu lililohaririwa upya linaweza kulindwa kwa miaka 25 tangu lichapishwe, hata kama mwandishi ni wa karne ya 18. Fanyia kazi toleo la zamani. Tatu, nakala iliyokatwakatwa na mshauri wa tamthilia wa jumba fulani la maonyesho inaweza kuwa kazi yake. Usiichukue kwa kuwa tu mwigizaji mmoja alikuletea.

Mlango wa kituo

ARD ni muungano wa vituo tisa vya majimbo, na kila kimoja kina wahariri wake wa tamthilia na filamu. ZDF, inayorusha matangazo tangu 1 Aprili 1963, iko Mainz na uamuzi wake hutoka sehemu moja. Vituo vya 3sat na arte ndivyo vilivyozoea kupokea kazi za jukwaani. Unayemtafuta ni mhariri wa kituo, anaitwa Redakteur. Ndiye atakayeibeba kazi yako ndani ya nyumba yao. Mpelekee Exposé, yaani maelezo mafupi ya wazo lako, ya kurasa 3 hadi 5. Usimsimulie Schiller, alimsoma shuleni. Mwambie umeamua nini: nani unamfuata kwa kamera, nini umekata, na utalijibuje lile swali la sebuleni. Akikubali, unafuata muhtasari mrefu wa kurasa 15 hadi 25, halafu skripti. Panga muda wa kuandika upya mara tatu au nne.

Usiku wa televisheni ya Ujerumani huanza saa 2:15, baada ya taarifa ya habari ya saa 2:00. (Wenyewe huandika 20:15, na hivyo ndivyo utakavyoiona kwenye mikataba.) Nafasi ya kawaida ni ya dakika 90, maana yake kazi iliyokamilika ni dakika 88 au 89 pamoja na majina. Baada ya 20:00 ARD na ZDF hawakatishi vipindi kwa matangazo ya biashara, kwa hiyo huna haja ya kujenga kilele cha bandia kila robo saa. Kituo binafsi kitakutaka uwe navyo, na tanzia ya Schiller hukatika vibaya sana kwa matangazo ya sabuni.

Umri nao una saa zake. Kazi isiyofaa kwa walio chini ya miaka 16 huruka kati ya 22:00 na 6:00. Ya miaka 18, kati ya 23:00 na 6:00. Ukitaka 20:15, sumu isioneshwe kama somo: hakuna jina la dawa kwenye chupa, hakuna kipimo, hakuna picha ndefu ya mkono unaochanganya.

Chagua umbo moja ulishike

Kuna njia tatu. Ya kwanza ni kurekodi onyesho la ukumbini kwa kamera kadhaa: rahisi, haraka, na mara nyingi baridi, kwa sababu waigizaji wanamtazama mtu wa safu ya ishirini. Ya pili ni tamthilia ya studio, yenye seti zilizojengwa na kamera inayoingia ndani ya chumba. Ya tatu ni filamu ya mandhari halisi, yenye kasri, farasi na ukungu wa asubuhi.

Kwa tanzia ya maneno tunashauri ya pili. Hamlet ya Franz Peter Wirth ya 1961, Maximilian Schell akiwa Hamlet, ilifanywa kwa televisheni kwa seti chache tupu zilizozungukwa na giza, na giza lile ndilo linaloisukuma sura ya mwigizaji mbele. Kasri halisi hugharimu siku, na mtazamaji huanza kuangalia dari. Anayechanganya studio na mandhari hupata ubaya wa pande zote mbili: baada ya kuona farasi wa kweli, ukuta wa mbao unaonekana ukuta wa mbao.

Hesabu za Kabale und Liebe ni nzuri. Ina matendo matano na maonyesho 37, lakini onyesho la Schiller huanza mtu anapoingia au kutoka tu. Ukihesabu kwa mahali, kuna vituo tisa: nyumbani kwa Miller mara nne, kwa Präsident mara tatu, kwa Lady Milford mara mbili. Jenga seti tatu. Ya Miller iwe ndogo, mita 5 kwa 6, dari ya mita 2.30, kuta mbili za kutolewa ili kamera ipite. Ukumbi wa Lady uwe mara mbili ya hapo na uwe na milango miwili mikabala, maana watu wa kule hutangazwa kabla ya kuingia. Kwa Miller mtu husukuma mlango tu. Tofauti hiyo ya milango inaeleza tabaka vizuri kuliko hotuba yoyote.

Kukata

Isome tamthilia nzima kwa sauti, kasi ya kuigiza, saa mkononi. Itakupa karibu saa tatu. Mwigizaji wa Kijerumani husema takribani maneno 120 kwa dakika, na kazi ya dakika 88 isiwe na zaidi ya dakika 58 za maneno, la sivyo inakuwa redio yenye picha. Hiyo ni maneno kama 7,000 ya kusemwa. Anza na mgawo huu, kisha ubishane nao:

- Tendo la 1: dakika 14
- Tendo la 2: dakika 21
- Tendo la 3: dakika 20
- Tendo la 4: dakika 13
- Tendo la 5: dakika 20

Kabla ya kukata, chukua karatasi uandike sababu tu, kila moja mstari mmoja: huyu anajua nini, kajuaje, nini kinamzuia asiseme. Sentensi inayobeba mojawapo ya hizo iwekee wino mwekundu. Hiyo haikatwi, inafupishwa tu. Zilizobaki ni za aina tatu: maelezo ya hisia, marudio, na maneno ya kumwezesha mwigizaji kuvuka jukwaa. Hizo mbili za mwisho zitoe zote. Za hisia toa theluthi mbili, kwa sababu kamera itazisema. Mhusika akieleza kwa mistari kumi kwamba moyo unamvunjika, chagua mstari ule mmoja wa ajabu, mwache aseme huo, anyamaze.

Kosa linalojirudia ni kumtoa mtumishi mzee katika onyesho la pili la tendo la 2. Anamletea Lady Milford vito kutoka kwa mtawala, anaulizwa vimegharimu kiasi gani, na jibu ni kwamba vijana 7,000 wa nchi wamepelekwa Amerika jana kama askari wa kuuzwa, ndio wanaolipa. Hasukumi hadithi mbele, kwa hiyo mhariri mwenye haraka humwona kama mafuta ya kupunguza. Mwache dakika 4 kamili. Bila yeye, Präsident ni baba mkali tu. Akiwepo, tunajua huyu mkuu anatumikia serikali inayofanya nini, na tunaelewa kwa nini Miller akikamatwa hakuna mahali pa kushtaki.

Tendo la 4 ndilo linalovumilia mkasi. Mazungumzo ya Lady na Luise hushuka hadi dakika 5 bila maumivu. Ila usiguse pale Ferdinand anapomshikia Kalb bastola na Kalb, kwa woga, anasema hamjui kabisa huyo msichana. Ukweli umetamkwa mbele yake na hasikii, maana wivu umeziba masikio. Dakika 3, na zichezwe kama kichekesho hadi sekunde ya mwisho.

Kiapo, au kwa nini Luise hasemi

Hapa ndipo kazi nyingi zinapoanguka. Barua inaandikwa mbele yetu, inapatikana, inaleta kifo, na sebuleni mtu anauliza: mbona hajamwambia Ferdinand kwamba alilazimishwa? Jibu la Schiller ni kiapo cha Luise juu ya sakramenti. Ukumbini mwa 1784 hilo lilitosha. Leo linapita kama upepo usipolijengea ngazi.

Ngazi ya kwanza iko mwanzoni mwa tendo la 3. Präsident anauliza kiapo kitasaidia nini, na Wurm anajibu kwamba kwao wao wakubwa hakisaidii kitu, ila kwa watu wa namna ile ni kila kitu. Sekunde kumi. Usiikate hata kama unakufa kwa muda, na mpige picha Wurm peke yake akiisema, bila tabasamu.

Ngazi ya pili ni barua yenyewe. Mpe dakika 6. Wurm anasema, Luise anaandika, na kamera ikae kwenye kalamu kuliko kwenye machozi. Wino halisi, unyoya halisi, karatasi nzito. Mwigizaji afundishwe kuandika mwandiko wa zama hizo wiki mbili kabla, kwa sababu mkono wa mtu mwingine uliopachikwa hujulikana mara moja. Andaa nakala 12 za barua: tupu, za nusu, na zilizokamilika.

Ngazi ya tatu Schiller haionyeshi, na tunashauri uiongeze. Wurm anampeleka Luise kuapa na pazia linashuka. Kwenye televisheni fuata: sekunde 20 kanisani, hakuna neno, vidole vya msichana vina wino bado, na nyuma yake Wurm anasubiri kama karani anayesubiri muhuri. Ndiyo shoti pekee ya nje ya seti zako tatu ambayo tungeililia kwenye bajeti.

Ukiamua kuihamishia hadithi kwenye Ujerumani ya leo, hili ndilo jiwe utakalojikwaa. Ujumbe wa simu unachukua nafasi ya barua bila shida, lakini sakramenti haichukuliwi na kitu kirahisi. Unahitaji kifungo ambacho Luise wa leo hawezi kukivunja kwa nong'ono moja: hadhi ya ukaazi ya baba yake, kwa mfano, inayoning'inia kwenye sahihi ya mtu yuleyule. Usipokipata, baki karne ya 18.

Maneno na vyeo

Usitafsiri Kijerumani cha Schiller kwa Kijerumani cha mtaani. Punguza, panga upya, lakini maneno yaliyobaki yawe yake. Mtazamaji huzoea ndani ya dakika tano.

Kitu kimoja kinahitaji msaada wa kamera. Präsident anapomwambia Miller "Er", yaani "yeye", anamsemesha mtu aliye mbele yake kana kwamba hayupo. Ni kama mtu akutazame usoni na aulize, "Huyu anataka nini?" Wajerumani wengi wa leo hawasikii tena dharau ile. Kwa hiyo kata kwenye uso wa Miller neno linapotoka, si baada yake. Majina yanajieleza yenyewe: Wurm ni mnyoo, Kalb ni ndama. Waigizaji wasiyawekee mkazo, yatasikika.

Hotuba za peke yako zina njia mbili zinazokubalika: kuzisema kwa sauti ndogo huku mikono ina kazi, au kuzigeuza matendo. Sauti ya mawazo iliyorekodiwa juu ya uso uliokaa kimya huchosha baada ya sekunde 15, na uso wa mwigizaji hulegea akijisikiliza.

Mazoezi, sauti, kasi

Filamu ya televisheni ya dakika 90 Ujerumani hupigwa kwa siku 20 hadi 24. Kwa seti tatu panga 22: 11 kwa Miller, 5 kwa Präsident, 4 kwa Lady, 2 kwa kanisa na barabara. Pigania siku 6 za mazoezi yenye malipo kabla ya kamera, ndani ya seti. Tendo la 5 lipigwe mwisho, kwa mfuatano.

Waigizaji wa jukwaa huja na sauti ya kufika galari, viti vya juu kabisa ukumbini. Waweke mita moja mbali wasomeane bila kuinuka hadi sauti ishuke yenyewe. Lakini wasinong'one. Ukubwa wa sauti katika matangazo ya Ulaya hupimwa kwa wastani wa -23 LUFS (kipimo cha sauti inavyosikika), na kilele kisizidi -1 dBTP (kipimo cha sauti ya juu kabisa). Ukiwa na mnong'ono wa dakika tatu na kisha ukelele, mtu wa sebuleni ataongeza sauti, ataipunguza, na mara ya tatu atabadilisha kituo.

Piga kwa fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50. Umeme wa Ujerumani ni wa herzi 50, na taa za seti hazitachezacheza. Ukipiga kwa 24 kisha ukaharakisha, kazi inafupika kwa asilimia 4 na sauti za watu zinapanda.

Ala za muziki zimo ndani ya hadithi, zitumie. Miller anaonekana kwanza akiiweka selo yake kando. Katika tendo la 3 Ferdinand anaikata nyuzi fidla na kuivunja sakafuni. Andaa fidla nne za bei ya chini, tatu kati yake zikiwa zimekatwa kwa msumeno kwa ndani na kuunganishwa kwa gundi hafifu. Moja ni ya kupiga, tatu za kuvunja. Nzima isiyokatwa haivunjiki mara ya kwanza. Inadunda, na kikosi kizima kinacheka.

Glasi

Tendo la mwisho lipe pumzi. Ferdinand ameomba maji ya limau na Luise mwenyewe anakwenda kuyaandaa. Ferdinand anakunywa kwanza, analalamika kwamba hayana ladha, anamwambia Luise aonje. Luise anaonja na kusema ni mazuri.

Kamera moja, lenzi ya milimita 50, kimo cha meza. Glasi iwe mbele ya fremu tangu inapowekwa, isiwe imefifia. Ferdinand anapokunywa tusione uso wake, tuone kimo cha maji kikishuka hadi nusu. Kisha mkono wake unaisukuma glasi mezani, taratibu, sentimita 40 hivi, hadi upande wa Luise. Sauti ya kioo kwenye mbao ndiyo muziki pekee. Luise anapoiinua, ndipo kwa mara ya kwanza tunakata kwenye picha ya karibu, na ni uso wa Ferdinand anayemtazama. Wa Luise tunautoa baadaye, akishasema. Tia rangi maji kwa chai nyepesi kidogo, maana limau halisi chini ya taa huonekana kama maji ya bomba, na uandae lita 5, kwa sababu mtarudia.

Luise anapojua amekunywa kifo, kiapo kinamwachia: anayekufa hadaiwi tena. Hapo anasema. Ikiwa ngazi tatu ulizijenga, mtazamaji ataona mlango ukifunguka saa hiyohiyo. Ikiwa hukuzijenga, ataona msichana aliyechelewa kusema jambo dogo.

Kukabidhi

Kituo kitataka manukuu kwa wasiosikia na, kwa nafasi ya 20:15, simulizi ya picha kwa wasioona. Simulizi hiyo huingia kwenye ukimya tu. Ukiwa kwenye uhariri, hakikisha kila dakika tano zina angalau mapengo mawili ya sekunde 4 au zaidi. Tanzia iliyojaa maneno mwanzo hadi mwisho haina pa kumwambia asiyeona kwamba glasi imesukumwa. Na baada ya Ferdinand kumnyooshea baba yake mkono, acha sekunde 10 za picha kabla ya jina la kwanza kupanda, kwa sababu vituo hubana majina ili watangaze kinachofuata, na sekunde hizo zikiwa sehemu ya onyesho hawawezi kuzigusa.